Klayenti iliyokuwa inachimba bitcoin ukienda kulala: kisa cha ESEA, 2013

Aprili 2013 kuna watu walikuwa wanaacha kompyuta inawaka wanaenda zao kula au kulala, wakirudi wanakuta feni zinavuma na kadi ya grafiki imechemka utadhani ipo katikati ya mechi, na hakuna geimu iliyofunguliwa. Skrini tupu. Wa kwanza kulalamika walidhani vumbi, au draiva mbovu, kawaida tu, si unajua kompyuta ya geimu kila siku ina ugonjwa mpya. Ila wakaanza kulinganisha mmoja na mwenzie, antivairasi nazo zikaanza kupiga kelele, wakafukunyua mpaka wakamkuta mwenyewe: klayenti ya ESEA, kampuni ya Marekani iliyokuwa na ligi na seva za kulipia za geimu ya Counter-Strike. Programu ileile waliyokuwa wanailipia kila mwezi iwalinde na wachiti, yaani wanaodanganya kwenye geimu, ndo ilikuwa inatumia kadi zao kuchimba bitcoin, yaani kupiga hesabu nzito zinazolipwa kwa sarafu hiyo ya kidijitali, na bitcoin zenyewe haziendi kwao.

Nataka tukipitie hiki kisa taratibu manake watu wakikisimulia wanakifupisha, "wale jamaa wa bitcoin", wanacheka, wanapita. Mi naona wizi wenyewe ndo sehemu ndogo. Kubwa ni kwamba ile klayenti haikuvunja mlango wowote, mlango walishaufungua wachezaji wenyewe, tena kwa sababu ya maana kabisa, na mambo yalipoisha wengi wao wakauacha wazi vilevile.

Kwanza kwa nini mtu aweke klayenti ya watu wa pembeni wakati geimu ina mfumo wake? CS:GO, Counter-Strike ya wakati ule, ilitoka Agosti 2012, ukiinunua ulikuwa unapata na sehemu ya kutafutiwa mechi na unapata VAC, kinga ya Valve, wenye geimu, dhidi ya wachiti. Ilitosha kwa mtu wa kujifurahisha. Kwa mtu wa ushindani haikutosha hata kidogo, na hapa ndo utaelewa wale watu hawakuwa wajinga. Seva za Valve zilikuwa zinakwenda tiki 64, yaani seva inapiga hesabu mara 64 kwa sekunde nani yuko wapi na risasi imempata nani, kila milisekunde 15 na ushee. Seva za ESEA zilikuwa tiki 128, nusu ya muda huo. Unaweza kusema milisekunde nane si kitu, lakini kwenye CS:GO hata bomu la moshi ulilorusha huku unaruka kwenye tiki 64 lilikuwa halitui palepale kwenye tiki 128, kwa hiyo mtu anayejifunzia huku na kwenda kushindania kule ni kama anajifunza uwanja mmoja anachezea mwingine.

Halafu wachiti. VAC ilikuwa inafanya kazi ikiwa upande uleule wa kompyuta ambao programu za kawaida zinakaa, na Valve kwa makusudi walikuwa hawapigi bani, yaani hawamfungii mtu, papo hapo, walikuwa wanakusanya kwanza wanapiga kwa mkupuo, ili mtengeneza chiti asijue ni kitu gani hasa kilichomkamatisha. Akili nzuri tu hiyo, ila kwa mchezaji maana yake ni kwamba jamaa anayekuona kupitia ukuta leo atakuona kupitia ukuta wiki ijayo pia, na mechi yako aliyoiharibu haikurudii. ESEA walikuja na njia nyingine. Ukitaka kucheza kwetu weka programu yetu, ingia na akaunti unayolipia, programu ikae na wewe muda wote wa mechi iangalie nini kinagusa kumbukumbu ya geimu. Na kwa Marekani Kaskazini hiyo haikuwa starehe ya pembeni, ngazi za ligi yao zilianzia Open, Intermediate, Main, mpaka Invite huko juu walikokuwa mapro. Ukitaka mtu akuone, unapita hapo. Hakuna barabara nyingine ya maana.

Sasa hebu tuiangalie klayenti yenyewe inafanyaje kazi, manake bila hii kisa hakieleweki. Chiti nzuri haikai kwenye faili la geimu, inakaa chini zaidi, kwenye draiva, karibu na keneli, kile kiini cha mfumo wa kompyuta, ambako ikiulizwa na programu ya kawaida "kuna mtu hapo?" inajibu "hakuna" na programu inaamini. Ili kuikamata, mlinzi naye inabidi ashuke. Akishuka huko anaona kila kitu, kila programu inayofunguliwa, na kama akitaka, kila kitufe unachobonyeza. Huwezi kumpa mtu uwezo wa kukamata mchiti aliyejificha halafu ukamnyima uwezo wa kuona mambo yako mengine, ni uwezo uleule mmoja. Na zaidi ya hapo mlinzi mwenyewe lazima awe msiri, hawezi kukwambia kwa undani anaangalia nini, kwa sababu ukijua wewe atajua na mchiti. Ongeza na apdeti zinazojipakua zenyewe kila mara, manake chiti zinabadilika kila wiki.

Kwa hiyo una programu iliyoshuka chini kabisa, haijielezi, na inabadilika bila kukuuliza. Mtu yeyote wa usalama wa kompyuta ukimsomea hiyo sentensi bila kumtajia geimu atakwambia hicho ni kirusi. Kinachoitofautisha na kirusi ni nia ya mwenye nayo, basi, hamna kingine.

Turudi Aprili. Kodi ya kuchimba (kodi yaani "code", maandishi ya programu, si kodi ya serikali) ilikuwa imepachikwa ndani ya klayenti na ilikuwa na tabia moja ambayo kwangu inasema zaidi kuliko maelezo yote waliyotoa baadaye: ilikuwa inasubiri uondoke. Ukiwa unatumia kompyuta, kimya. Ukiiacha imekaa bure, inaanza. Fikiria kwa nini mtu aandike hivyo. Kadi ikichimba huku unacheza, fremu, yaani picha zinazoonyeshwa kwa sekunde, zinaporomoka na utajua ndani ya dakika moja, mchezaji wa ushindani hata fremu tano zikipungua anahisi. Kwa hiyo ukiitaka isionekane, ndo unaandika hivyo.

Watu walipobana, mmoja wa waanzilishi akatoka kujibu. Maelezo ya kwanza yalikuwa kwamba wazo lilianza kama utani wa Aprili mosi, eti wangeweka uchimbaji kwenye klayenti, wakaufanyia majaribio siku chache kwenye akaunti zao wenyewe, zikapatikana bitcoin kama mbili, wakaona haifai wakaacha. Kisha seva ikawashwa upya na kwa bahati mbaya kitu kikajiwasha kwa watu wote. Mbili tu. Baadaye, wakati watu bado hawajamaliza kutukana, hesabu ikarudiwa na mbili ikawa 29.27, thamani yake dola 3,713.55. Mi hapa ndo huwa nasimama kila nikikisoma hiki kisa. Mtu anaweza kukosea hesabu, sawa, lakini kutoka mbili kwenda ishirini na tisa si kukosea hesabu, hiyo ni kwamba aliyejibu mara ya kwanza alijibu kabla hajaangalia, na aliyejibu kabla hajaangalia ndiye mtu uliyempa ufunguo wa keneli yako. Baadaye kampuni ikatoa tamko jingine rasmi kwamba mfanyakazi mmoja alichukua kodi ya majaribio akaitumia kwa faida yake bila ruhusa.

Tuseme ni kweli mia kwa mia. Mfanyakazi mmoja, peke yake. Binafsi naona hiyo ni mbaya zaidi kuliko kampuni nzima kuwa wezi! Kampuni ikiamua kuiba kuna kikao, kuna watu wengi wanaojua, kuna mtu atabwatuka. Lakini kama mtu mmoja anaweza kuingiza kodi kwenye apdeti inayokwenda kwenye maelfu ya kompyuta, ikapita, ikakaa kama wiki mbili, na waliokuja kuigundua ni wateja kwa kusikia joto la feni, basi hakuna aliyekuwa anakagua kinachotoka. Siku hiyo alichagua bitcoin. Angeweza kuchagua paswedi za watu.

Hela zenyewe sasa, manake ni kichekesho. Mwanasheria Mkuu wa jimbo la New Jersey alipolichukua alitaja kompyuta kama 14,000. Gawanya ile 3,713.55 kwa 14,000, unapata senti 27 kwa kila kompyuta. Senti ishirini na saba! Muda ule bitcoin ilikuwa imetoka kupanda mpaka dola 266 tarehe 10 Aprili halafu ikaanguka vibaya, na uchimbaji wa kadi za grafiki wenyewe ulikuwa unaelekea kufa kwa sababu mashine maalumu za kuchimba zilishaanza kuingia sokoni mwanzoni mwa 2013. Kadi za Nvidia, ambazo wachezaji wengi walikuwa nazo, zilikuwa dhaifu kwa kazi hiyo ukilinganisha na za AMD. Kwa hiyo jamaa aliteketeza jina lililojengwa miaka kumi, ESEA ilianza 2003, kwa kutumia kisu butu. Wakati huohuo aliyelipa umeme ni mwenye kompyuta, na wapo waliodai kadi zao zimeungua. Umeme mwingi uligeuka joto tu ndani ya vyumba vya watu, faida ikawa senti.

Kampuni ilijibu haraka, lazima tuwape hiyo. Kodi ikatolewa kwenye apdeti, wateja wakapewa mwezi bure, waliosema vifaa vyao vimeharibika wakaambiwa wafungue malalamiko, na ile dola 3,713.55 ikatangazwa kwenda kwa American Cancer Society na kampuni ikaongeza kiasi hichohicho kutoka mfukoni, jumla 7,427.10. Ni tendo zuri. Ni pia tendo la kutoa sadaka kitu cha watu, manake zile bitcoin zilichimbwa na umeme wa wachezaji na hakuna aliyewauliza kama wanataka kuchangia nini. Sijui, labda mi mkorofi, ila ukinichukulia kitu changu kwanza nirudishie.

Kisha sheria. Tarehe 19 Novemba 2013 New Jersey ikatangaza makubaliano ya dola milioni moja. Ukisoma kichwa cha habari unashtuka, ukisoma ndani: za kulipwa zilikuwa 325,000, zilizobaki zilikuwa za kusubiri miaka kumi na kufutwa kama kampuni ingetii masharti. Ndani ya madai kulikuwa na kitu ambacho watu wanakiruka kwa sababu bitcoin inavutia zaidi, nacho ni kwamba jimbo lilidai klayenti ilikuwa na uwezo wa kufuatilia kompyuta hata wakati mtumiaji hayupo kwenye huduma za ESEA. Kampuni ilikubali kulipa lakini ikasema haikubaliani na jinsi Mwanasheria Mkuu alivyoeleza mambo, kwamba hakuelewa ukweli wa kesi wala teknolojia yenyewe. Na hapa kwa haki kabisa nadhani pande zote mbili zilikuwa zinaelezea kitu kimoja. Jimbo linaona programu inayoweza kuchungulia kila kitu likasema huu ni ujasusi. Kampuni inaona programu ileile inasema hii ndo kazi tuliyoajiriwa nayo. Wote wako sawa, ndo ubaya wake.

Kuna mtu atauliza, kwa hiyo wachezaji waliondoka? Waliapa kuondoka. Wengine kweli waliondoka wiki mbili tatu. Halafu wakarudi. Ungefanyaje, timu yako ina watu watano, wanne wanasema tunacheza msimu, ligi iko kule, mazoezi yapo kule, mechi za kuokotezana usiku ziko kule, wewe mmoja utabaki na msimamo wako kwenye seva za tiki 64 unapigwa na mchiti. Valve Mei 2013 walileta Overwatch, ule mfumo wa wachezaji kuangalia marudio ya mechi na kuhukumu nani mchiti, lakini huo haukuwa unajibu tatizo la watu wa ligi.

Na klayenti ilikuwa inafanya kazi, hilo nalo tuseme. Novemba 2014 wakati wachezaji kadhaa wa kiwango cha juu wa Ulaya wamepigwa bani za VAC, yupo kati yao ambaye ESEA walishampiga kabla. Yaani mlinzi yuleyule aliyekuwa anakuibia ndiye aliyekuwa anamkamata mwizi ambaye wengine hawakumwona. Tunaposema usimpe fisi bucha alinde, tatizo la methali hiyo ni kwamba hapa fisi alikuwa mlinzi mzuri kweli.

Mwishoni mwa 2016 wakaingiliwa tena, safari hii na mtu wa nje. Akavunja akachukua taarifa za wateja, akataka dola 100,000 anyamaze, wao wakakataa kulipa, na Januari 2017 zikamwagwa taarifa za akaunti zaidi ya milioni moja na nusu. Kukataa kulipa naona walifanya sawa. Nalitaja kwa sababu linaonyesha upande mwingine wa uleule mkataba: hata mwenye klayenti akiwa mwema kabisa, anakuwa amekusanya vitu vyako sehemu moja, na sehemu hiyo ina milango yake.

Wengine wanadhani jibu ni kutumia kinga ya wenye geimu wenyewe, ukiachana na watu wa pembeni umepona. Haisaidii kivile. 2016 Capcom walisukuma apdeti ya Street Fighter V ikiwa na draiva ya kuzuia udanganyifu, na ile draiva ikawa inaruhusu programu yoyote kwenye kompyuta kupitisha kodi yake moja kwa moja kwenye keneli, wakairudisha nyuma haraka. 2022 Trend Micro, kampuni ya usalama wa kompyuta, wakaeleza jinsi wahalifu wa programu za kuteka kompyuta walivyotumia draiva ya kinga ya geimu ya Genshin Impact, mhyprot2, kuzima antivairasi, na tena wahanga hawakuhitaji kuwa na Genshin, wahalifu walikuja na ile draiva mfukoni kwa sababu ina saini halali na Windows inaiamini. Vanguard, kinga ya kampuni ya geimu ya Riot, tangu 2020 inaamka pamoja na Windows, kabla hujafungua geimu. Hao ni wenye geimu wote. Kilichoiponza ESEA hakikuwa kuwa mtu wa pembeni.

Tofauti ninayoiona ni nyingine. Kampuni ya geimu ikiharibu, ina mauzo ya geimu nzima ya kupoteza, kwa hiyo inatetemeka. Kampuni ya klayenti ya pembeni mali yake ni moja tu, wachezaji wa ushindani wasio na pa kwenda. Ikiharibu inaomba radhi, inatoa mwezi bure, na inajua utarudi. Nadhani ndo maana maelezo ya kwanza yalikuwa mepesi vile, utani wa Aprili mosi, bitcoin mbili. Hivyo ndivyo unavyomjibu mtu unayejua haondoki.

Kuhusu kujilinda, mambo machache yanayofaa kweli. Klayenti isiamke na kompyuta kama inakuruhusu kuizuia, ifungue ukitaka kucheza, ifunge ukimaliza, na hakikisha imefungwa kweli si imejificha pembeni ya saa. Ukiweza kuwa na Windows ya pili ya geimu peke yake, nzuri, barua pepe na mambo ya benki yakae kwingine, ingawa draiva iliyo kwenye keneli ikitaka kusoma diski nyingine inaweza, kwa hiyo diski hiyo nyingine ifunge kwa usimbaji. Na angalia kadi yako inafanya nini ukiwa hufanyi kitu. Leo ni rahisi, Windows 10 tangu mwishoni mwa 2017 inakuonyesha matumizi ya kadi kwenye Task Manager. Wale wa 2013 hawakuwa nayo hiyo, ilibidi mtu awe na GPU-Z au MSI Afterburner, programu za kupima kadi, yaani awe ni yule mtu wa kupenda kuangalia nyuzi joto bila sababu.

Na hao ndo waliokiibua hiki kisa. Hakuna mkaguzi, hakuna polisi, hakuna mtu wa ndani. Uchimbaji ulikuwa na pupa, ulichukua kadi yote, feni zikapiga kelele. Angeuwekea kikomo asilimia ishirini tu, feni zisingebadilika sauti.

Msimu wa 14 wa ligi ukaendelea. Zawadi ya msimu huo kampuni iliiongeza, na kiasi walichoongeza kilikuwa dola 3,713.55.